Upole wa Kampala Umesimama Juu ya Nini?

Mwaka 1962, mwaka ule ule Uganda ilipopata uhuru, mungu wa vita wa Baganda alirudishwa nyumbani kutoka Cambridge. Alirudi vipande vipande: mfupa wa taya, masalia mengine ya mwili na baadhi ya vifaa vyake. Mmisionari John Roscoe ndiye aliyevipeleka Uingereza mwanzoni mwa karne ya 20 na kuviacha katika makumbusho ya chuo kikuu. Huyo ndiye Kibuuka. Masimulizi yanasema Nakibinge, Kabaka (mfalme) wa Buganda, alipoelemewa na Banyoro aliomba msaada visiwa vya Ssese, naye Kibuuka akatumwa. Alipigana akiwa juu, ndani ya wingu, akiwamiminia adui mishale bila kuonekana. Kilichomponza ni mateka mmoja, mwanamke wa Kinyoro, aliyegundua siri ya mahali anapojificha kisha akatoroka kurudi kwa wenzake. Siku ya pili wapiga mishale walilenga wingu. Kibuuka aliangukia juu ya mti kule Mbale ya Mawokota (si Mbale ile ya mashariki ambayo wengi wanaijua), akafia hapo.

Kibuuka alikuwa na ndugu, Mukasa, mwenye hekalu lake kuu katika kisiwa cha Bubembe. Roscoe, aliyekusanya habari zake kwa msaada mkubwa wa Katikkiro (waziri mkuu) Apolo Kagwa na kuzichapisha mwaka 1911, anamweleza Mukasa kuwa mungu mwema kuliko wote: anaponya, anawapa watu watoto na mapacha, analeta samaki, na hakuwahi kudai damu ya mtu. Vita havikuwa kazi yake. Hata hivyo Kabaka, mwenye jeshi na mitumbwi ya vita, ndiye aliyempelekea Mukasa zawadi kisiwani, si kinyume chake. Desemba 1879 Kabaka Mutesa I alikuwa mgonjwa, na mmandwa wa Mukasa, yaani mtu anayepandwa na roho ya mungu huyo, akaja ikulu kumtibu. Mmisionari Alexander Mackay alipinga kwa nguvu zake zote. Machifu hawakumsikiliza.

Ukiisoma hadithi hiyo haraka unapata fundisho ambalo Kampala ya leo inalipenda sana: shujaa hufa mapema, mpole hudumu. Utalisikia katika sherehe za kwanjula, za kumtambulisha mchumba kwa familia, wazungumzaji wa pande mbili wanapochuana kwa maneno matamu. Utalisikia kwa wahubiri, kwa washauri wa ndoa wa redioni, na kwa wale wanaouza semina za kutafuta nguvu ya ndani. Upole, wanatuambia, wenyewe ni nguvu. Inama, nyamaza, tabasamu, nguvu itakuja yenyewe.

Mimi naona wamemsoma Mukasa nusu. Mungu huyo mpole ndiye aliyemiliki dhoruba za ziwa. Mvuvi aliyemdharau alijua mtumbwi wake ungeweza kupinduka kabla hajaliona pwani. Upole wa mwenye dhoruba mkononi ni kitu kimoja, na upole wa asiye na chochote ni kitu kingine, ingawa kwa macho vinafanana. Kwa hiyo swali la kuuliza juu ya falsafa hii yote, ambayo Kampala imeitunga na kuitunga upya kwa vizazi, si kama upole una nguvu. La kuuliza ni mtu anayeinama amesimama juu ya nini.

Tuanze ikulu, maana huko ndiko magoti yalikofanywa kuwa sanaa. Mgeni anayefika Kampala huona wanawake wakipiga magoti wanaposalimia, akadhani hiyo ndiyo habari nzima. Lakini mbele ya Kabaka wanaume ndio waliojitupa chini kuliko wote. Chifu aliyepewa cheo alilala mavumbini kifudifudi kushukuru, na chifu yule yule aliporudi kwake, watu wake walimlalia yeye. Kuinama kulikuwa ngazi, na kila mtu alikuwa na kidato chake. Waliotoka nje ya ngazi hiyo ndio wanaotufundisha zaidi. Namasole, mama wa Kabaka, hakukaa kilima kimoja na mwanawe. Alikaa kilima chake, kijito kikiwatenganisha, akiwa na ikulu yake, mashamba yake na machifu wake mwenyewe. Yeye na Lubuga, dada wa Kabaka aliyetawazwa naye, waliitwa Kabaka vilevile. Abambejja, mabinti wa kifalme, huitwa "ssebo" kama wanaume, na hawakutarajiwa kumpigia magoti mume asiye wa ukoo wao wa kifalme. Buganda ya zamani, basi, haikuamini kwamba mwanamke ni mlaini kwa kuumbwa. Iliamini kwamba mwenye kilima hapigi magoti ovyo, awe mwanamume au mwanamke.

Kisha ukaja Mkataba wa 1900. Waingereza na machifu waligawana ardhi kwa maili za mraba. Machifu wapatao 1,000 walitajwa kuwa wamiliki, na wakuu wa koo, bataka, waliokuwa walinzi wa makaburi na mashamba ya mababu, wakajikuta wanaishi kwa hisani ya mtu mwingine. Mkulima aliyekuwa na haki ya kumhama chifu mbaya akawa mpangaji wa mwenye mailo, yaani ardhi hiyo iliyogawanywa kwa maili. Adabu haikubadilika hata kidogo. Salamu zilibaki ndefu vilevile, magoti yalibaki pale pale, wakati ardhi iliyokuwa chini ya magoti hayo imeshahama. Nadhani hapa ndipo upole wa Kampala ulipoanza kusemwa kama jambo la ndani, la moyoni, kwa sababu la nje lilikuwa limepungua.

Lakini si kila mahali. Nenda soko la Kalerwe asubuhi, kabla jua halijawa kali. Mama amekaa juu ya gunia, mbele yake mafungu ya nyanya yamepangwa kama piramidi ndogo. Mzee anafika. Mama anashuka magotini, anamsalimia, anauliza habari za nyumbani, anajibiwa, naye anaulizwa, anajibu. Kwa mtu wa Nairobi mwenye haraka ni muda wa kutosha kukasirika. Kisha bei. Mzee anamwomba: "Nnyabo, kendeezaako," yaani punguza kidogo. Mama anatabasamu, macho chini, anaitaja bei ile ile kwa sauti ya chini kuliko mwanzo. Mzee anarudia. Sauti inashuka zaidi, bei haishuki. Mwishowe anachomoa nyanya moja ya nyongeza, anaiweka juu ya fungu kwa mikono miwili, na noti inabadilisha mikono. Hajainuka magotini tangu mzee afike, na hajapoteza hata shilingi. Ana mtaji wake, ana wateja wengine wanaosubiri, ana kikundi cha akina mama wanaochangiana kila wiki. Msichana wa kazi huko Ntinda hupiga magoti namna ile ile anapomwekea tajiri wake chai, akiwa anadai mshahara wa miezi miwili. Ukiwapiga picha wote wawili hutaona tofauti.

Hapa msomaji wa Kiswahili ana jambo lake la kutafakari. Pwani, lugha yetu ni lugha ya uungwana, ya kubisha hodi na kumsubiri mtu amalize. Kampala ilikijua Kiswahili kwa sura nyingine kabisa: sauti ya askari kizuizini, amri ya kambini, na baadaye matusi ya mwizi usiku. Idi Amin alipokitangaza lugha ya taifa miaka ya 1970 alikiharibia zaidi kuliko alivyokisaidia. Mpaka leo, ingawa baraza la mawaziri liliidhinisha mwaka 2022 kiwe lugha rasmi, wapo wazee wa Mengo, makao ya Kabaka, wanaokunja uso wakikisikia, wakaendelea na Kiganda chao chenye "ssebo" na "nnyabo" kila mwisho wa sentensi. Lugha ile ile ni laini Unguja na ngumu Kampala. Tofauti iko kwa aliyeshika bunduki alipokuwa akiizungumza.

Mwalimu rasmi wa upole wa kike katika Buganda ni ssenga, shangazi wa upande wa baba. Mwanasheria Sylvia Tamale wa Makerere aliandika juu yake mwaka 2005, na kazi yake ni dawa nzuri kwa wanaomsifu ssenga bila kipimo na kwa wanaomlaani bila kumsikiliza. Ssenga humfundisha binti kumtii mume, kweli. Humfundisha pia namna ya kumwongoza bila yeye kujua, namna ya kudai haki yake kitandani, na siku hizi, mjini, ssenga wa kulipwa humwambia wazi atafute pesa yake mwenyewe. Tangu redio za FM zilipofumuka miaka ya 1990, sauti hiyo imetoka chumbani na kuingia hewani, nayo imekuwa biashara. Kinachonivutia ni ile nasaha ya pesa. Mafundisho yote ya ulaini yanaposogea kwenye ukweli wa maisha, shangazi mwenye busara anarudi kwenye swali la ardhi ya kusimamia.

Mpaka hapa hoja yangu inatembea bila kikwazo. Kikwazo kiko Namirembe.

Septemba 1929, katika kilima hicho cha kanisa kuu la Waanglikana, daktari Mwingereza Joe Church, aliyekuwa akifanya kazi Gahini nchini Rwanda, alikutana na Simeon Nsibambi, Muganda msomi aliyekuwa mtumishi wa idara ya afya. Wakasoma Biblia pamoja na kuomba. Kutoka hapo uamsho ulienea Rwanda, Uganda, Kenya, Tanganyika, na wafuasi wake wakaitwa Balokole, waliookoka. Wengi wanaujua uamsho huo kwa wimbo wake wa Tukutendereza na kwa machozi yake. Mlokole alitakiwa avunjike: asimame mbele ya wenzake aseme ameiba nini, amempiga mkewe lini, amemchukia nani. Mfanyakazi alirudisha msumari alioiba kwa Mhindi mwenye duka. Mzungu aliungama kiburi chake mbele ya Mwafrika, jambo ambalo katika koloni la miaka ile lilikuwa kama dunia kugeuka.

Ulaini huo uliwakera watu kweli. Mwanahistoria Derek Peterson ameonyesha jinsi majirani walivyowaona Balokole: watu wasio na haya, wanaoanika mambo ya nyumbani hadharani, wanaoharibu majina ya familia. Upole wao ulikuwa ufidhuli masikioni mwa wengine. Mwaka 1941 katika chuo cha kanisa cha Mukono, wanafunzi waliokuwa wakiamka alfajiri kusali na kuhubiri waliamriwa waache. Walikataa bila kurusha jiwe, bila kutukana. Wanafunzi 26 wakafukuzwa, William Nagenda akiwa mmoja wao, na Askofu Cyril Stuart akabaki na kazi ya kuliokoa kanisa lisipasuke. Vijana hao hawakuwa na kilima. Walikuwa na ushirika wao wa kila wiki, basi.

Janani Luwum, kijana wa Kiacholi kutoka Mucwini, aliokoka Januari 1948, akawa askofu mkuu mwaka 1974, wakati Amin ameshaua watu wengi. Njia yake ilikuwa ya upole hata wengine wakamlaumu: alikwenda kwa Amin mara kwa mara, akizungumza naye uso kwa uso, akiwaombea waliokamatwa. Februari 1977 askari walivamia nyumba yake usiku wakidai kutafuta silaha. Maaskofu waliandika barua ya kulalamika, ya heshima na isiyopindisha maneno. Tarehe 16 Luwum aliitwa katika hoteli ya Nile Mansions. Wenzake walisubiri nje mpaka wakaambiwa waende zao. Serikali ilitangaza kwamba yeye na mawaziri wawili, Erinayo Oryema na Charles Oboth Ofumbi, wamekufa kwa ajali ya gari. Hakuna aliyeamini. Mwili ulipelekwa Mucwini. Namirembe lilibaki kaburi lililochimbwa likawa tupu, na Jumapili iliyofuata maelfu walikusanyika hapo.

Luwum alisimama juu ya nini? Kanisa halikuweza kumlinda, dunia ya nje ilibaki kutoa matamko, kabila lake lilikuwa linachinjwa. Ningeweza kusema hapa kwamba kuna nguvu ya ndani isiyohitaji msingi wowote, na hoja yangu ikafia hapo. Siamini hivyo. Mtu aliyetumia miaka karibu 30 akisimama kila wiki mbele ya wenzake kutaja aibu zake kwa mdomo wake mwenyewe amefanya mazoezi ambayo dikteta hawezi kuyafuta. Amin atamtisha kwa aibu ipi? Kinachoitwa nguvu ya ndani kilijengwa nje, katika vyumba vya mikutano, na watu wengine, kwa muda mrefu sana. Festo Kivengere, askofu mwenzake aliyekimbilia uhamishoni, alitoa mwaka huo huo kitabu chenye jina la kushangaza, I Love Idi Amin, na hata aliyekichukia alilazimika kuuliza ni darasa gani linalozaa sentensi kama hiyo. Msingi unaweza kumshikilia mtu bila kumkinga. Lakini usiwape watu masikini mfano wa Luwum bila kuwapa kwanza ile miaka 30.

Na wasiopewa kilima wala ushirika? Kampala ina jibu la tatu, ambalo watukuzaji wa upole hawapendi kulitaja. Mwaka 1948 Semakula Mulumba, mjumbe wa harakati ya Bataka huko London, alialikwa chakula cha jioni na Askofu Stuart, yule yule wa mwaka 1941. Alikataa kwa barua ndefu iliyojaa shutuma, ambayo baadaye ilisambazwa nyumbani. Carol Summers, mwanahistoria aliyeichambua barua hiyo, anaeleza kwamba wanaharakati wa miaka ile walifanya ufidhuli wa makusudi, kwa sababu waligundua kuwa chai, salamu na mialiko ndivyo vilivyoufunga ukoloni kwa wakubwa wa Mengo. Ukikaa mezani umeshakubali. Hii haikuwa hasira tupu. Bataka walikuwa watoto na wajukuu wa wale waliopoteza ardhi mwaka 1900; adabu waliyodaiwa ilikuwa kodi ya nyumba ambayo hawaishi tena. Mwaka mmoja baadaye, 1949, ghasia zikalipuka Buganda.

Stella Nyanzi, wakati huo mtafiti wa Makerere, aliufufua ufidhuli huo wa makusudi. Mwaka 2017 alipouliza kwa nini ahadi ya taulo za hedhi kwa wasichana wa shule haikutimizwa, hakuuliza kwa magoti. Alimtukana rais kwa maneno ambayo gazeti la heshima haliwezi kuyachapa, akakamatwa. Baadaye shairi lake likampeleka gerezani, akahukumiwa Agosti 2019 miezi 18, na Mahakama Kuu ikamwachia Februari 2020. Wakosoaji wake wengi walijikita kwenye matusi wakaziacha taulo. Siwezi kuyapenda maneno yake yote, lakini nayaelewa. Wakati huo huo aliwachangisha watu na kuzunguka na taulo hizo mashuleni, kazi ya uvumilivu na ya mikono. Mtu mmoja anaweza kuwa Kibuuka asubuhi na Mukasa mchana.

Tukifika kwenye Buganda rasmi ya leo, falsafa hii ina jina, obuntubulamu, ambalo watu hulitumia kwa utu uliokamilika: adabu, huruma, uaminifu, kujizuia. Falme zilifutwa mwaka 1967 na kurejeshwa 1993 zikiwa za kitamaduni tu, bila kodi wala jeshi. Kwa hiyo si ajabu kwamba ufalme usio na nguvu za dola umejishughulisha sana na nguvu za tabia. Tangu 2007 Nnabagereka (malkia) Sylvia Nagginda ameendesha Ekisaakaate, kambi ya likizo katika shule za bweni, ambako wasichana kwa wavulana, na si Baganda peke yao, hufundishwa kusalimia, kupika, kufanya kazi za mikono na kuongoza. Wanaosema hiyo ni mila iliyobuniwa juzi hawajakosea, ila sioni ubaya. Mapokeo yote ya mji huu yamebuniwa na mtu fulani kwa haja fulani. Ninalolisifu ni kwamba wavulana wamo. Upole ukifundishwa nusu ya watoto tu, nusu nyingine inafundishwa kuinamiwa.

Ninaloliona limepungua haliko ndani ya uwezo wa kambi. Mwaka huo huo wa 2007 Mahakama ya Katiba ya Uganda, ikiamua kesi iliyofunguliwa na shirika la kutetea wanawake, ilifuta vifungu vya Sheria ya Mirathi vilivyowabagua wanawake. Bunge halikuwa na haraka. Marekebisho yalikuja kuwa sheria mwaka 2022, miaka 15 baadaye, na kwa muda wote huo wasichana wengi walihitimu Ekisaakaate wakijua kupiga magoti vizuri kabisa. Chini ya sheria mpya, mjane wa mtu aliyekufa bila wosia anapata asilimia 20 ya mali badala ya 15 ya zamani, na mabinti wanahesabiwa sawa na ndugu zao wa kiume katika fungu la watoto. Ofisi za ardhi na mahakama za vijijini ndizo sasa zinazoamua ni wangapi watakaolipata fungu hilo mkononi.